Kaseti Isiyo na Pengo

Kuna watu wakizeeka hupungua sauti. Wilhelmina wa Lipangalala alipozeeka aliongeza. Alikuwa na miaka sitini na moja, mjane, magoti yakimlalamikia kila anapoinuka, lakini akipiga kelele moja juu ya dungu lake la kuwingia ndege, watu wa dungu la tatu waligeuza shingo. Dungu hilo lilisimama katikati ya ekari zake mbili za mpunga, ng'ambo ya mto Lumemo, na ekari hizo mbili ndizo zilizozaa maneno yote haya.

Asiyewahi kuwinga ndege atadhani ni kazi ya watoto. Haya, aje ajaribu. Msimu ule wa mwaka tisini na tisa, kweleakwelea walishuka bondeni mpunga ulipoanza tu kutoa maziwa, na kweleakwelea hawajui Jumapili wala sikukuu. Kundi likitua robo saa, mashuke yanabaki yamesimama kama kawaida, ila ukiyaminya hamna kitu ndani. Kwa hiyo watu wanahamia mashambani, wanajenga dungu la miti na kuliezeka nyasi, wanapanda juu alfajiri na kushuka jua likizama, wiki nne, wiki tano. Adui mkubwa wa mwinga ndege wala si ndege. Ni usingizi wa saa saba mchana, jua likiwa utosini na ugali ukiwa tumboni. Wengi wameamshwa na kimya, maana ndege wakishashiba hawapigi kelele.

Wilhelmina alikuwa na dawa yake ya usingizi. Kutoka dunguni alitandaza kamba nne hadi kona nne za shamba, kila kamba imening'inizwa makopo yenye kokoto ndani. Ncha zote nne alizikusanya kwenye kitanzi kimoja, na kitanzi akakivaa mguu wa kulia. Akikanyaga, shamba zima linapiga kelele. Mikono ikabaki huru, na mikononi alishika gemu.

Lilikuwa gemu la kushika mkononi, la zamani, la kijivu, nene kama kipande cha mche wa sabuni. Alipewa Mlimba mwaka tisini na mbili, wakati mumewe Gaudensi akiwa fundi wa reli na yeye akiwa yaya wa mtoto wa mhandisi mmoja mgeni. Mtoto alipokua akalichoka, familia ilipofungasha kurudi kwao, akamwachia yaya wake pamoja na kaseti tatu za michezo ya kuchomeka. Kioo chake hakikuwa na taa. Kivulini huoni kitu, juani unaona vizuri, na juani, ukingoni mwa dungu, ndiko Wilhelmina alikoshinda. Betri zake nne zikichoka, alizianika juu ya nyasi za dungu zikapata nguvu ya siku mbili zaidi. Mchezo alioupenda ni ule wa matofali yanayodondoka. Unayapanga, mstari ukijaa unafutika. Na yeye alijiwekea sheria kwamba kila mstari ukifutika, macho yanainuka kuzunguka shamba lote, na mguu unakanyaga. Mstari, macho, mguu. Tangu aanze mtindo huo, misimu sita, hakuwahi kusinzia hata mara moja.

Lakini watu huona wanachotaka kuona. Shemeji yake Kasmiri, mdogo wake marehemu Gaudensi, mwenye shamba linalopakana na lake upande wa mashariki, aliona bibi kizee amekaa juu ya dungu na kidoli. "Shemeji amerudi utotoni," akawa anasema kwenye kilabu cha pombe, akitikisa kichwa kwa huruma ya mtu anayepima mpaka kwa macho.

Maneno hayo yalipanda njia yakafika Kidatu, kwenye kiwanda cha sukari, alikofanya kazi Sylvester. Sylvester alikuwa mtoto pekee wa Wilhelmina, fundi umeme, mtu mzima mwenye kalamu mbili mfukoni mwa shati. Alimpenda mama yake, hilo halina ubishi. Ila alimpenda kama watu wanavyopenda vyombo vya udongo, kwa kutaka viwekwe juu ya kabati visiguswe.

Alifika shambani Ijumaa saa nne asubuhi, viatu mkononi, suruali imekunjwa mpaka magotini.

"Shikamoo mama."

"Marahaba baba. Panda, angalia ngazi ya tatu imelegea. Habari za Kidatu? Mkeo? Mjukuu wangu Brigitha?"

"Hawajambo wote. Brigitha anakusalimu." Alipanda, akakaa, akahema, akatoa mfukoni kifurushi kidogo. "Nimekuletea zawadi."

Mwenye kuja kukuhamisha haji mikono mitupu, lakini Wilhelmina hakulijua hilo bado. Alifungua karatasi akakuta kaseti ya gemu. Mpya kabisa. Haikuwa ya kijivu kama zake, ilikuwa ya plastiki inayoonyesha, unaona hadi vijidude vya ndani, na picha yake ilikuwa ya rangi zote. Moyo ulimruka. Ilikuwa miaka saba sasa hajapata mchezo mpya.

"Nilitumwa Dar kufuata vipuri," Sylvester alisema. "Nikapita Kariakoo. Muuzaji akaniambia hii ni ya kisasa, inaingia mashine zote."

Na kweli iliingia. Wilhelmina alitoa ya matofali, akachomeka mpya, ikakaa sawasawa. Kisha akasukuma swichi ya kuwashia. Haikwenda. Akasukuma tena kwa kidole gumba. Ilikuwa kana kwamba mtu ameishikilia upande wa pili.

"Lete," alisema Sylvester.

Alichomoa, akapuliza kaseti, akachomeka. Swichi haikwenda. Akapuliza ndani ya mashine. Haikwenda. Akatoa kalamu moja mfukoni akaanza kuikandamiza swichi kwa ncha yake, na Wilhelmina akampiga mkono.

"Utaivunja."

"Imeshavunjika, mama. Swichi imekufa."

Wilhelmina aliipokonya mashine. Alichomoa kaseti mpya, akarudisha ile ya matofali, akasukuma. Ikawaka na kimuziki chake. Akamtazama mwanawe.

"Basi umeichomeka vibaya ile nyingine," Sylvester alisema.

"Na wewe pia uliichomeka vibaya?"

Hapo ndipo Sylvester alipokasirika, na mtu akikasirika husema lile alilokuja nalo. "Mama, tuseme ukweli. Mashine imezeeka. Kila kitu hapa kimezeeka. Dungu limezeeka, ngazi imelegea, na wewe..." Neno lilikuwa limeshatoka. Ikabidi amalizie. Alisema wamezungumza na baba mdogo Kasmiri. Jumapili baada ya misa wangefanya kikao. Shamba liangaliwe na baba mdogo kuanzia sasa, naye Wilhelmina akapumzike Kidatu. Wamemtengea chumba, kina feni.

Wilhelmina alikanyaga kamba. Makopo yalipiga kelele kona zote nne, ingawa hapakuwa na ndege hata mmoja.

"Feni," alisema. "Nimefyeka matete haya kwa panga wakati wewe uko tumboni na baba yako yuko relini Mlimba, leo nikapigwe upepo na feni. Nani aliyeitisha kikao?"

"Ukoo, mama."

"Ukoo unajua shamba lilipo. Mimi Jumapili siondoki hapa. Wenye kikao waje."

Sylvester alishuka akaenda kulala kwa Kasmiri. Wilhelmina alibaki na uchungu siku nzima. Hakuumizwa na kuitwa mzee. Mzee alikuwa, na uzee ni heshima. Kilichomuuma ni mwanawe kumwona akishindwa kusukuma kidude kwa kidole, na kuamini upesi hivyo kwamba kidole ndicho kibovu. Muuzaji wa Kariakoo, ambaye hata jina lake Sylvester halijui, yeye aliaminiwa kwa neno moja.

Jumamosi asubuhi, ndege wa kwanza walipokwisha kufukuzwa, aliziweka kaseti zote nne pajani kwake, kifudifudi, halafu chali, halafu ubavu kwa ubavu. Mtu aliyechagua mchele miaka hamsini anajua kutofautisha vitu vinavyofanana. Haikumchukua muda. Kaseti za zamani, zote tatu, zilikuwa na pengo dogo kwenye kona ya juu. Mpya haikuwa nalo, kona yake ilikuwa nzima. Akaligeuza gemu, akachungulia kwenye tundu la kaseti huku akiisogeza swichi pole pole, na akaona ulimi mdogo wa plastiki ukitoka ndani na kurudi. Swichi ikiwashwa, ulimi unatoka na kulala kwenye pengo. Kama pengo halipo, ulimi unagonga ukuta, na swichi haiendi.

"Nimekuona!" alipiga kelele.

"Wako wapi?" Yosefina wa dungu la jirani alisimama na kombeo lake, akidhani ni ndege.

"Si ndege, mwenzangu! Nimemwona mchawi wa swichi!"

Yosefina alikaa tena. Walikuwa majirani wa shamba miaka kumi na nane, alishazoea.

Sasa hebu fikiria, mtu mwingine angefanya nini? Fundi wa mjini angesema kaseti haikubaliani na mashine, akairudisha dukani. Lakini Wilhelmina alikuwa mkulima. Kwake mpini usioingia kwenye jembe haurudishwi porini, unachongwa. Akachukua tupa ya kunolea panga, akaikamata kaseti kati ya magoti, akaanza kusugua ile kona. Alisugua, akainua macho, akakanyaga, akasugua. Unga wa plastiki ulimdondokea kwenye kitenge. Ilimchukua asubuhi nzima, maana tupa ilikuwa nene na pengo lilitakiwa liwe jembamba, na katikati yake alifukuza makundi manne. Saa sita akapuliza vumbi, akachomeka, akasukuma.

Swichi ikaenda.

Alicheka peke yake juu ya dungu mpaka machozi yakamtoka. Alishaona jinsi ambavyo angelishika gemu mbele ya mwanawe na shemeji yake, na huyo fundi umeme wa watu asijue pa kuficha uso. Kioo kikawaka, kimuziki kikalia. Halafu hapakuja mchezo. Yalikuja maandishi ya Kiingereza, mistari michache, yakakaa pale pale.

Aliyasoma neno kwa neno, kwa Kiingereza alichookota jikoni kwa wageni Mlimba. Yalisema mchezo huu ni wa mashine yenye kioo cha rangi peke yake. Akabonyeza hiki, akabonyeza kile. Akazima, akawasha. Maandishi yale yale.

Aliumia kuliko alivyoumia Ijumaa. Ijumaa alikuwa hajafanya kosa lolote. Leo alikuwa amejitesa asubuhi nzima kuifuata kaseti ilivyotaka, na ilipofunguka ikamwambia hapana, hata bila kumjaribu. Isingejua kamwe kama ana mkono mwepesi au mzito. Ilitazama mashine tu, ikaona si ya rangi, ikafunga mlango.

Lakini baada ya muda alipata faraja ya aina yake. Angalau sasa ukweli ulikuwa umeandikwa. Mashine haikuharibika, wala mikono yake. Kesho Sylvester atasoma kwa macho yake.

Jumapili walikuja wawili, saa saba, wametoka misani, Sylvester na Kasmiri. Ukoo ulioitisha kikao ulikuwa ni hao. Kasmiri alivaa koti, kwa sababu alikuja kupokea kitu. Walisimama chini ya dungu, ikabidi waongee na Wilhelmina huku wametazama juu, na hilo peke yake lilimburudisha.

"Shikamoo shemeji," alisema Kasmiri.

"Marahaba. Sylvester, kabla hujasema lolote, shika hii. Soma."

Alimshushia gemu, maandishi yakiwa kiooni. Alimweleza pengo, ulimi, tupa, kila kitu. Sylvester alisikiliza, akatazama ile kona iliyosuguliwa, na kwa dakika moja fundi aliyekuwa ndani yake alivutiwa, ilionekana usoni. Kisha akasoma kioo.

"Si ndiyo nilivyosema, mama?" alisema, tena kwa upole. "Yenyewe inasema. Mashine yako imepitwa."

Wilhelmina alihisi kama aliyekata mti mwenyewe ukamwangukia. Kasmiri alikohoa akaanza hotuba. Alimtaja marehemu kaka yake, akautaja umri, akataja ngazi iliyolegea, akasema shamba hili si la mtu mmoja, tena mwanamke wa umri ule, tena mwenye akili ya kuchezea vidoli wakati ndege wanakula. Shamba hili linataka wanaume wawili.

"Wanaume wawili," Wilhelmina alirudia. Damu ilikuwa imempanda, na hapo ndipo alipokosea. "Basi pandeni! Nyie si wawili? Mimi nashuka. Kivuli cha dungu kikigusa lile tuta pale, muda umekwisha. Mkilinda shamba mpaka hapo, ndege wasitue wakala, kesho nafungasha nakwenda Kidatu kwenye feni. Mkishindwa, neno Kidatu lisitajwe tena mbele yangu."

"Na wewe usipande mpaka kivuli kifike," Kasmiri alisema haraka.

"Sipandi."

Alishuka, akaenda kukaa chini ya dungu la Yosefina, mgongo kwenye nguzo, miguu imenyooshwa. Yosefina alimshushia kibuyu cha maji na kumuuliza kama amerogwa.

Mwanzoni wanaume walifurahi. Sylvester alivaa kitanzi mguuni, akakanyaga kwa nguvu kiasi kwamba nusu ya makopo yalidondoka upande wa kusini. Kasmiri alivua koti, akazunguka tutani na kombeo, akitupa madongo na kupiga miluzi. Kundi la kwanza lilipaa juu. Walipongezana. La pili likapaa. Kisha jua likafanya kazi yake. Kasmiri alianza kukaa kila baada ya duru moja, na sauti ilimkauka. Na ndege wale, waliofukuzwa mara mbili, waliona kule mashariki shamba jingine halina mtu, la Kasmiri mwenyewe, ambaye alimwacha mlinzi wake aende misani. Kundi likageuka angani kwa pamoja na kushuka huko.

"Mungu wangu, mpunga wangu!" Kasmiri aliacha kombeo, akaruka tuta, akatokomea.

Yosefina alicheka mpaka dungu likatikisika. Wilhelmina naye alicheka. Akamtazama mwanawe juu ya dungu. Sylvester alikuwa ameketi pale pale anapoketi yeye, kwenye nyasi zilizokwisha kukaa mkao wa mtu, upepo mdogo unapita, mikono haina kazi. Kichwa kilishuka. Kikapanda. Kikashuka, hakikupanda tena.

Ndege walirudi. Hawakuja kwa kelele, walikuja chini chini juu ya mashuke, wakatua kona ya kaskazini iliyokuwa na maziwa mengi kuliko zote. Wilhelmina aliwaona. Akakitazama kivuli. Kilikuwa kimebakiza hatua mbili kufika kwenye tuta.

"Umeshinda," Yosefina alinong'ona. "Tulia tu. Umeshinda, dada."

Ni kweli alikuwa ameshinda. Alichotakiwa kufanya ni kukaa tu. Aliwatazama ndege wakining'inia kwenye mashuke, yakiinama kwa uzito wao, shuke kwa shuke, mstari kwa mstari. Mpunga ule aliupanda kwa mkono mwezi wa kwanza, akiwa na homa. Aliupalilia mara mbili. Na sasa alikuwa ameketi chini, kimya, akingoja uliwe vya kutosha ili mashahidi waone kwamba yeye ni mtu. Hasira ilimjia, na haikuwa ya ndege, wala ya Sylvester aliyekuwa akikoroma. Ilikuwa hasira juu yake mwenyewe. Nani alimtuma akubali kupimwa kwa shamba lake?

Aliinuka. Magoti yalilalamika, hakuyasikiliza. Alipita mpungani kwa mbio akipiga kelele ile yake, akapanda ngazi, akaruka ile ya tatu, akamsukuma mwanawe pembeni, akakivuta kitanzi akakikanyaga kwa miguu yote miwili. Makopo yaliyobaki yakalia. Ndege walipaa kama moshi, kundi zima, wakavuka mto.

Sylvester alikaa wima, macho mekundu. Kasmiri alikuwa akirudi kwa mbio kutoka shambani kwake, amelowa jasho, na cha kwanza alichotazama si mpunga. Alitazama kivuli.

"Bado!" alipaza sauti, akiashiria kwa kidole. "Hakijafika! Hatua mbili nzima! Umepanda kabla ya muda, shemeji, mwenyewe umeweka masharti. Umeshindwa. Kesho unafungasha."

"Nimeshindwa," alisema Wilhelmina.

Wote wawili walimtazama, maana hawakutegemea jibu hilo.

"Nimeshindwa mashindano, na siendi. Sikiliza vizuri, Kasmiri, na wewe Sylvester amka. Jana nimesugua ile kaseti asubuhi nzima ili iikubali mashine yangu. Nikaichonga pengo, ikawaka, ikaniambia hapana. Leo nimerudia ujinga ule ule kwenu nyie. Ningekaa pale chini mpaka kivuli kifike mngesema nimeacha mpunga uliwe, nimechanganyikiwa. Nimepanda, mnasema nimevunja masharti. Kwenu hakuna mlango wangu. Basi sitafuti tena. Shamba hili si zawadi ya ukoo. Nimelifyeka, na mikono hii ndiyo hati yangu. Anayetaka kunitoa alete polisi, na hao polisi waje na kombeo, kwa sababu ndege watakuwepo."

"Kikao kimeamua," Kasmiri alisema, lakini sauti yake ilikuwa imeshakauka kwa kupiga miluzi.

Sylvester hakuwa akimsikiliza. Alishuka ngazi pole pole, akatembea mpaka kona ya kaskazini, akachuma shuke moja akaliminya. Akachuma la pili. La tatu. Alikaa kule muda, mtu mzima na kalamu mbili mfukoni, akiminya maganda matupu. Aliporudi hakuweza kumtazama mama yake usoni.

"Baba mdogo," alisema, "nilikuwa nimelala. Mama angengoja kivuli, ningekuwa bado nimelala."

"Usigeuze maneno, mwanangu. Tulikubaliana."

"Kumhamisha tulikubaliana mimi na wewe. Mama hatukumuuliza." Alilichukua koti la Kasmiri tutani, akalikung'uta, akampa. "Nenda shambani kwako. Nimeliona kundi jingine linakuja."

Halikuwepo kundi lolote, lakini Kasmiri alikimbia.

Sylvester alipanda tena dunguni, akakaa karibu na mama yake. Alitaka kuomba msamaha, ilionekana, na hakujua aanzie wapi, kwenye kaseti au kwenye mpunga. Wilhelmina hakumsaidia. Alikuwa ana hasira bado, na hakuona sababu ya kuifupisha kwa kuwa mtoto ameinamisha kichwa. Alimpa kazi ya kufunga upya makopo ya kusini. Sylvester alifunga yote, moja moja, kwa mafundo mazuri ya fundi, mpaka jua likaanza kulegea na ikabidi awahi gari la Kidatu.

Chini ya ngazi alisita. "Mama, watu wa ukoo wataniuliza. Shangazi wa Masagati, wale wa Mlimba. Walishaambiwa unahama. Nikawaambie nini?"

Wilhelmina alikanyaga kamba, akasikiliza kona zote nne zikijibu.

"Waambie tunavuna mwezi wa saba," alisema. "Anayekuja aje na mundu. Asiye na mundu abaki kwake. Na wewe pia."

Sylvester aliitikia ndiyo mama, akakunja suruali, akaingia mtoni.